Niliwakataza Majirani Kuikimbilia Nduru

Ndugu wasomaji, mimi ni mwanamume wa miaka thelathini na minane. Nimefiwa na mke. Nina binti mmoja tu, na ninafundisha katika shule ndogo ya misheni upande wa Kebirigo. Elimu yangu si kubwa, niliishia darasa la sita, kwa hiyo mnisamehe nikikosea kupanga maneno.

Kila mtu hapa kwetu anajua kwamba mke wangu, Kerubo, alifariki akiwa karibu kujifungua. Wageni wakiambiwa hivyo hutikisa kichwa, wakasema ni mapenzi ya Mungu. Wananihurumia... Wananihurumia mimi! Nami kwa muda mrefu nimekuwa nikiipokea huruma hiyo kama mtu anayekula nyama ya wizi. Tamu haina, na kuitema siwezi.

Leo nataka kuitema.

Nilizaliwa na sauti kubwa. Shuleni nilikuwa nikisoma Biblia mbele ya watu, na watu wa nyuma walikuwa wakisikia kila neno. Vita vilipokuja niliandikwa jeshini. Kule ng'ambo niliugua miguu, na badala ya kurudishwa nyumbani nikawekwa katika kikundi cha askari waliokuwa wakiwachezea wenzao michezo ya kuigiza jioni za Jumamosi. Huko ndiko nilikojifunza kazi hii. Nilijifunza kuanguka bila kuumia, kucheka bila furaha, na kulia bila msiba. Hasa kulia! Nilikuwa nikilia hadi askari wenye masharubu wanapangusa macho.

Niliporudi Gusii nilipewa kazi ya ualimu. Nikamwoa Kerubo, binti wa watu wa Marani, tukajenga mwisho wa kilima kilekile cha shule, mahali penye shamba la ndizi na kijisehemu cha pareto. Mungu akatupa Nyaboke. Ningetosheka, sivyo? Mtu mwenye mke mwema, mtoto na mshahara wa misheni anataka nini tena?

Nilitaka kupigiwa makofi.

Mjini Kisii palikuwa na mfanyabiashara mmoja, Abdala, mwenye duka la nguo. Alikuwa Mwislamu wa pale mjini, baba yake alitoka pwani na mama yake ni wa hapa hapa. Alipenda michezo kuliko nguo zake. Nyuma ya duka alikuwa na ghala, na ghala hilo aliligeuza kuwa ukumbi. Alisikia habari zangu akaniita. Tangu siku hiyo nikawa watu wawili. Siku za kazi nilikuwa mwalimu wa misheni. Mwisho wa juma nilikuwa mwigizaji wa Abdala, leo Kisii, kesho Keroka, kesho kutwa Marani sokoni, juu ya meza zilizounganishwa.

Mkuu wa shule hakunizuia. Aliniambia tu kwamba kama ninaijua kazi hiyo, basi niwafundishe na vijana wa shule. Nikaanza kuwafundisha kuigiza na kutumia sauti. Wanafunzi wa siku zile hawakuwa watoto wadogo, wengine walikuwa na ndevu. Niliwafundisha kwa njia yangu mwenyewe, na niseme ukweli, ilikuwa njia nzuri. Nilimsimamisha mwanafunzi kwenye kilima cha shule, mimi nikavuka kijito na kusimama kwenye kilima cha pili. Kisha alitakiwa kunieleza habari zake, bila kukwaruza koo, nami nizisikie zote. Nilikuwa nikiwaambia kwamba tumbo ndilo ngoma, koo ni mlango tu. Usiugonge mlango, piga ngoma!

Baada ya muda vijana wangu waliweza kuzungumza kutoka kilima hadi kilima kama watu walioketi jiko moja. Nilijiona mwalimu hasa.

Kisha Abdala akatunga mchezo mpya. Ulikuwa wa mlevi anayeacha nyumba yake ikiungua huku yeye yuko kwenye pombe. Mke wake anakufa motoni. Mimi ndiye niliyekuwa mlevi huyo, na mwishoni nilipaswa kurudi na kumlilia mke wangu. Lakini kabla ya hapo, mke alipaswa kupiga nduru kutoka nyuma ya pazia.

Mwanamke wa kuigiza tungempata wapi nyakati zile? Sehemu za wanawake zilichezwa na vijana wangu wa shule, wakiwa na vitambaa vichwani. Kwa maneno walijitahidi. Lakini kwenye nduru... Abdala aliwasikiliza mmoja baada ya mwingine, akaegemea marobota yake ya nguo na kufunga macho.

"Mwalimu wangu," aliniambia, "huyu wako hajaunguliwa na nyumba. Huyu ni jogoo aliyekanyagwa na baiskeli."

Watu wote ghalani walicheka. Mimi sikucheka. Nilirudi nyumbani nimekasirika, na njiani nikamkumbuka Kerubo.

Wasomaji wa mbali, lazima niwaeleze kitu. Kwetu Gusii watu wanaishi juu ya vilima. Boma hili liko hapa, la pili liko ng'ambo ya bonde. Hakuna kengele wala simu. Kuna nduru tu. Mtu akipatwa na moto, na chui, na mwizi, na ugonjwa wa ghafla, anatoka nje na kupiga nduru, na kila anayeisikia anaacha jembe palepale na kukimbia. Haulizi. Akiuliza, atachelewa. Na mtu aliyeisikia akaketi, siku wazee wakikutana kulihukumu jambo, huyo anahesabiwa pamoja na adui.

Nduru ya Kerubo ilijulikana. Wakati fulani ghala la mahindi la jirani lilishika moto, yeye ndiye aliyeona kwanza, na nduru yake ilileta watu kutoka mahali ambapo moshi wenyewe haukuonekana. Hiyo ndiyo sauti niliyoitaka.

Nilimwomba awafundishe vijana wangu. Alikuwa akimenya ndizi, akaacha kisu.

"Baba Nyaboke, hiyo haifundishwi. Inakuja yenyewe, na ikija inakuja na kitu."

Nilimwambia hayo ni maneno ya kizamani. Nilimwambia kule jeshini nimelia mara mia na hakuna aliyekufa. Akachukua kisu, akaendelea kumenya. Siku zilizofuata niliendelea kumsumbua, asubuhi, jioni, kwenye chakula... Mwisho alikubali, kwa sababu alikuwa mke mtiifu na mimi nilikuwa mume mjinga.

Siku ya kwanza alisimama kwenye kilima cha shule, wanafunzi wamemzunguka, mimi niko ng'ambo. Nikainua mkono. Akapiga nduru.

Sijui niwaelezeje. Nywele zilinisimama, mimi niliyejua kwamba ni somo! Na kabla sijashusha mkono, niliona watu. Walikuwa wakitoka mashambani pande zote. Wanaume wana mapanga, wanawake wana mitungi ya maji, mzee mmoja ana mkuki wake wa zamani. Jirani yetu wa karibu, mama mmoja aitwaye Bochaberi, alianguka kwenye mteremko na kuchubuka goti, akainuka akaendelea kukimbia.

Walipofika wakaambiwa ni somo la shule.

Kerubo alijifunika uso kwa kanga. Na mimi? Nilikuwa nikicheka! Nilicheka kwa sababu nilifurahi. Nilijua Abdala atanyamaza safari hii. Niliwaambia majirani waende zao, wasijali, ni elimu.

Mzee Ombati, yule mwenye mkuki, hakuondoka na wengine. Alikuwa rika la marehemu baba yangu. Aliupumzisha mkuki chini, akahema, akaniambia taratibu: "Mwalimu, hii si mali ya shule yako. Hii ni yetu sote. Ukiitumia kucheza, umeitumia ikaisha."

Nilimjibu kwa heshima ya mdomo tu. Moyoni nilisema mzee huyu anajua nini juu ya michezo ya kuigiza?

Lakini maneno yake yalinipa wazo, na wazo hilo ndilo lililoniangamiza. Niliona si vizuri watu kukimbia bure kila mara. Basi nikapita mwenyewe boma kwa boma. Nikawaambia kwamba wakisikia nduru ya Kerubo mchana kutoka upande wetu, wasihangaike, ni mafunzo. Nilimwomba na mzee wa kanisa atangaze siku ya Sabato, akatangaza. Watu waliitikia. Mimi ni mwalimu, ninajua kusoma na nimevuka bahari, nani angebishana nami?

Kwa hiyo mnaona... Watu wengine husema majirani walizoea wenyewe. Hawakuzoea wenyewe. Niliwafundisha, kama nilivyowafundisha vijana wangu. Niliwafundisha kukaa.

Mafunzo yaliendelea majuma mengi. Mwanzoni watu walikuwa wakiinua kichwa. Baadaye hawakuinua hata kichwa. Ikawa ni mzaha. Wanawake wakikutana kijitoni wanamwambia Kerubo, "Jana ulikufa vizuri," naye anatabasamu na kujaza mtungi wake. Kijana wangu mmoja aliipata ile nduru kabisa, hadi ukifumba macho hujui ni yeye au ni Kerubo. Abdala alipomsikia alinyanyuka kutoka kwenye marobota, akanikumbatia.

Tukaambiwa kwamba mkubwa mmoja wa serikali atakuja kuutazama mchezo Jumapili fulani, na akipendezwa atatupeleka Nairobi, sauti zetu zikasikike kwenye redio. Redio! Usiku na mchana sikuwaza jambo lingine.

Wakati huo Kerubo alikuwa na mimba kubwa. Mama yangu alikuwa amekwisha kufariki, na ndugu zangu wawili walikuwa kwenye mashamba ya chai ya Kericho na wake zao. Bomani petu tulikuwa sisi watatu tu. Tulikuwa tumekubaliana kwamba mama yake aje kutoka Marani kukaa naye, lakini hesabu yetu ilionyesha kwamba bado kuna muda.

Jumapili hiyo asubuhi nilikuwa nikipiga viatu rangi. Kerubo alisimama mlangoni, mkono mmoja kiunoni.

"Leo mgongo unanivuta," alisema. "Huwezi kuwaachia wenzako?"

Nilimwuliza kama ni uchungu wenyewe. Akasema hajui, labda sivyo. Nikamwambia kama ni labda, basi sivyo. Nikamwambia Bochaberi yuko karibu, akihitaji kitu amwite.

Amwite! Nilisema hivyo kwa mdomo wangu huu. Alinitazama kidogo, kama mtu anayetaka kukumbusha jambo, kisha akaniletea koti langu.

Nikaondoka na vijana wangu. Hiyo ilikuwa mara ya mwisho kumwona akiwa amesimama.

Mjini Kisii ghala lilijaa hadi mlangoni. Mkubwa wa serikali aliketi mbele na mkewe. Mchezo ulikwenda vizuri kuliko siku zote. Kijana wangu alipopiga nduru nyuma ya pazia, baadhi ya watu walisimama wakitaka kukimbia, wakakumbuka, wakaketi tena huku wakicheka kwa aibu. Kisha nikaingia mimi mlevi, nikamkuta mke wangu amekufa. Nikapiga magoti. Nikalia.

Nililia vizuri sana, ndugu zangu. Mke wa yule mkubwa alitoa kitambaa. Makofi yalipoanza yalikuwa kama mvua kwenye mabati. Abdala alipika pilau, akatuzuia tusirudi siku hiyo. Tulikula, tukaimba, tukaigiza tena vile vipande vilivyopendeza. Nililala juu ya marobota ya nguo, nikiwaza Nairobi.

Na sasa nitawaambia kile kilichokuwa kikitendeka nyumbani, kama nilivyoambiwa baadaye na wale waliokuwapo.

Majirani zetu wengi ni Waadventista. Sabato yao ni Jumamosi, na Jumapili wanalima. Kwa hiyo wakati ule, vilima vyote viwili vilikuwa na watu mashambani, majembe mkononi. Kerubo alitoka nje akajishikilia kwenye ghala letu la mahindi. Akapiga nduru.

Wote walisikia. Hakuna hata mmoja aliyekana.

Akapiga tena. Aliniita kwa jina, akamwita Bochaberi kwa jina. Lakini kwenye mafunzo pia alikuwa akiita watu kwa majina, ni mimi niliyemwambia afanye hivyo ili iwe kama kweli. Watu waliendelea kupalilia. Nyaboke wangu, mtoto wa miaka saba, alikuwa bondeni na mbuzi. Alimsikia mama yake. Akaendelea kuchunga.

Jioni alirudisha mbuzi na kumkuta mama yake chini, karibu na ghala. Damu nyingi... Mtoto hakulia. Hakupiga nduru. Alikimbia hadi kwa Bochaberi, akamshika nguo na kumvuta bila kusema neno. Fikirini, ndugu zangu. Mtoto wa miaka saba alikwisha kujua kwamba kwetu nduru haina kazi tena.

Kerubo alikufa kabla hawajamwingiza ndani. Mtoto aliyekuwa tumboni hakuzaliwa.

Kesho yake nilishuka kwenye lori pale Kebirigo, koti begani, nikipiga mluzi. Mtu aliyetumwa kuniita alikuwa amepitana nami njiani. Nilisalimia watu sokoni, wakaitikia huku wakitazama pembeni. Mzee Ombati alikuwa ameketi nje ya duka moja, akaja akachukua mfuko wangu. Mzee wa rika la baba yangu anibebee mfuko! Hapo nilianza kuogopa.

Nikamwuliza kuna nini. Akasema, "Twende nyumbani kwanza."

Kwetu mtu hapewi habari mbaya njiani. Tulitembea safari yote, naye akiwa mbele yangu na mfuko wangu.

Bomani palijaa watu. Walikuwa wameketi chini, wanawake upande wao, wanaume upande wao, na palikuwa kimya. Si kawaida yetu. Msiba wetu husikika kabla haujaonekana. Wanawake huja wakilia kutoka mbali, na aliye ndani huwajibu. Lakini siku ile hakuna mwanamke aliyethubutu kuinua sauti katika boma lile. Baadaye niliambiwa waliona haya kulia, maana wangelia nini? Sauti ileile?

Nikaona kile kilicholazwa chini ya shuka. Sikuhitaji kuambiwa.

Ndugu wasomaji, sasa nimefika kwenye jambo ambalo sijamwambia mtu yeyote tangu siku ile.

Nilipiga magoti, nikafungua mdomo, nikalia. Na kilio kilichotoka kilikuwa kile cha ghalani! Kilikuwa kilekile, kutoka tumboni, kimepanda pale kinapopandia, kimevunjika pale kinapovunjikia. Nilikisikia mwenyewe kikienda vizuri hadi ng'ambo ya bonde. Hata magoti yangu yalikuwa yamewekwa kama kwenye mchezo, kidogo upande, ili watu wanione uso! Nilijaribu kukibadilisha nikashindwa. Sikuwa na kingine. Kilio changu cha kweli nilikuwa nimekitumia chote kwa wageni.

Niliinua macho, nikaona vijana wangu wa shule waliokuwa wamenifuata nyuma. Walikuwa wakitazama chini. Walikijua kilio kile. Walikuwa wamekisikia jana yake na kukipigia makofi.

Nikanyamaza. Sijalia tena hadi leo. Siku ya mazishi sikutoa sauti, watu wakasema nina moyo wa jiwe. Niliwaacha waseme. Kuitwa jiwe kulikuwa nafuu.

Shemeji zangu walifika kutoka Marani pamoja na mama mkwe wangu. Walikuwa na hasira, na hasira yao ilikuwa ya haki. Walitaka kujua ni nani aliyemsikia dada yao akakaa. Kwa desturi walikuwa na haki ya kuuliza, na Bochaberi ndiye aliyekuwa karibu zaidi. Akaitwa mbele ya wazee. Alisimama pale, goti lake bado lina kovu la siku ya kwanza, akaulizwa kama alisikia.

Akasema alisikia.

Akaulizwa alifanya nini.

Akasema, "Niliinua kichwa nikamwambia binti yangu, leo Mama Nyaboke amelia vizuri kuliko siku zote."

Akaketi chini palepale, akajifunika kanga kichwani. Shemeji yangu mkubwa alisimama, akasema mwanamke huyo ni muuaji.

Na mimi, ndugu zangu... mimi nilikaa kimya! Nilimwacha mwanamke yule aliyekuwa amekimbia hadi akaanguka siku ile ya kwanza, nikamwacha aitwe muuaji mbele yangu. Niliwaza kwamba wakimaliza hasira yao kwake, haitabaki ya kunifikia mimi. Mara ngapi nimejiuliza, ni mtu wa namna gani aliyeketi pale kwenye kigoda changu?

Majirani wangeweza kunitaja. Hawakunitaja. Walikuwa wakiningoja.

Ni mama mkwe aliyenigeukia. Alikuwa mzee mdogo wa umbo, macho yamevimba. Hakupaza sauti.

"Mwanangu alipiga nduru?"

"Alipiga, Mama."

"Na watu hawakuja?"

Nikamtazama Bochaberi chini ya kanga yake. Nikamtazama Mzee Ombati. Alikuwa akitazama ncha ya fimbo yake.

"Hawakuja kwa sababu niliwakataza," nilisema. "Nilipita boma kwa boma. Niliwaambia wakimsikia wasije."

Nilieleza yote. Nilieleza mafunzo, mchezo, redio, pilau. Sauti yangu ilitoka ndogo, imekwaruza, haikufika hata mwisho wa uwanja, ikabidi walioketi nyuma waulizane nimesema nini. Tangu nilipozaliwa hiyo ilikuwa mara ya kwanza kwa watu wa nyuma kutonisikia.

Shemeji mkubwa alinijia. Nilidhani atanipiga, na ningeshukuru. Alisimama mbele yangu, akatema mate chini, akaenda kumsaidia mama yake kuinuka. Mama mkwe alipita karibu nami asinitazame. Alikwenda hadi kwa Bochaberi, akamfunua kanga usoni, wakashikana mikono. Kisha wanawake hao wawili wakalia, na wengine wote wakaitikia, na vilima vikajaa. Hatimaye Kerubo wangu alililiwa. Mimi sikuwa na haki ya kuongeza sauti yangu humo.

Nilimpelekea Abdala habari kwamba sitarudi tena. Alikuja mwenyewe kunipa pole, akalia kwa dhati, akasema hakujua. Ni kweli, hakujua. Alinipa mtu wa kuigiza, mengine nilijifanyia mwenyewe. Nairobi walikwenda bila mimi.

Shuleni sasa ninafundisha hesabu na kuandika. Sivuki tena kijito kusikiliza sauti za watoto. Sisemi kwamba michezo ni mibaya. Michezo ilinilisha na kunifurahisha, na vijana wangu wawili ni wahubiri wazuri kwa sababu ya yale mafunzo. Mimi ninasema juu ya kitu kimoja. Kuna sauti ambazo watu wamewekeana, maisha yao yananing'inia hapo. Usizichukue kwenda kuzitafutia makofi. Ninyi mnaofundisha, mnaoigiza, mnaoimba, nawasihi! Mzee akikwambia kitu hiki hakichezewi, usimcheke kwa sababu wewe umevuka bahari na yeye hajavuka.

Baada ya mazishi nilipita tena boma kwa boma, kama nilivyopita mwanzo. Nikawaambia watu wafute niliyowaambia, wakisikia nduru waje, wasiulize. Waliniitikia. Lakini neno la kuwakalisha watu lilikwenda haraka, na neno la kuwainua linakwenda polepole mno. Mpaka leo nduru ikipigwa, naona watu wanasimama kwanza, wanageuza sikio, wanapima kama ni ya kweli. Kupima huko ni kazi yangu mimi.

Nyaboke ni msichana mkubwa sasa. Aliwahi kuniuliza, tukiwa tunapepeta wimbi, "Tata, mimi nilimsikia. Kwa nini sikwenda?" Nilimwambia hakwenda kwa sababu baba yake alimfundisha asiende, na baba yake alikosea. Aliendelea kupepeta. Sijui kama ameniamini, ama kama amenisamehe. Sijamwuliza.

Mwezi uliopita nduru ilipigwa ng'ambo ya kijito. Nilikuwa darasani, chaki mkononi. Nikatoka mbio, nikavuka maji na viatu vyangu, nikapanda mteremko hadi kifua kikawa kinaniuma. Nilipofika nikawakuta wasichana watatu wadogo wakicheza, mmoja amejifanya chui. Walinitazama mwalimu wao nimelowa hadi magotini, ninahema kama ng'ombe, wakacheka hadi wakashikana mabega.

Nikageuka kurudi. Katikati ya mteremko nilikutana na Bochaberi akipanda, jembe ameliacha, mkono mmoja kwenye lile goti. Nikamwambia ni watoto tu.

"Haidhuru," alisema, akaendelea kupanda ili akajionee mwenyewe.